Kumpangia mwenzio muziki, filamu na mpira nyumbani: maswali ninayoulizwa kila wiki

Nina saiba ndogo Kondele, hapa Kisumu. Zamani watu waliingia kuchapisha barua na kujaza fomu. Siku hizi nusu yao huja na flashi mkononi: "Dada, nifanyieje mzee wangu apate nyimbo zake?" Au mwanamume anasimama mlangoni akinong'ona kama anayenunua dawa ya aibu, kumbe anataka tu tivi ya mkewe iache kumletea katuni. Kosa ni langu. Niliwasimulia wenzangu wa chama jinsi nilivyompangia mume wangu burudani yake, na chama kina midomo. Nimeona heri niandike mara moja.

Nianzie wapi, kwenye tivi au kwenye simu?

Anzia kwake yeye. Nitakueleza nilivyokosea.

Mzee wangu huendesha lori la mizigo kati ya Kisumu na Busia, na akirudi nyumbani anachotaka ni benga na rumba za zamani. Nilimtengenezea flashi ya kupendeza. Kila msanii na folda yake, majina yamefuatana kwa alfabeti, hata picha za majalada nilitafuta. Wiki mbili nzima. Akaisikiliza jioni moja, akashukuru. Kesho yake nikamkuta jikoni ameegemeza simu yake ya zamani kwenye sufuria, anapiga nyimbo zilezile kwa mpangilio wake. Sikukasirika. Haya, nilikasirika, ila nilinyamaza.

Siku ya tatu akaniambia, "Hebu niwekee ile ya mia mbili kumi na nne."

Sikuelewa. Kumbe redio kaseti ya marehemu baba yake ilikuwa na kile kidude cha kuhesabu, tarakimu tatu zinazozunguka kadiri utepe unavyosonga, na yeye tangu utotoni alizijua nyimbo kwa namba. Kaseti ya kijani, upande wa pili, mia mbili kumi na nne. Jina la mwimbaji alilijua vizuri, lakini wimbo hakuutafutia huko.

Nikafuta folda zangu zote. Leo faili inaitwa "Kijani B 214", na simu ile imepumzika na sufuria imerudi kazini.

Kwa hiyo kabla hujagusa waya wowote, kaa jioni mbili tatu umtazame. Anatafuta wimbo kwa jina, kwa sauti, au kwa siku alizoupenda? Anatazama filamu hadi mwisho au analala katikati? Redio anaiwasha akiwa anapiga pasi, au akiwa ametulia? Mke wa jirani yangu hakuwahi kutazama tivi kwa macho. Aliisikiliza akiwa anasuka. Mumewe alimnunulia tivi kubwa zaidi. Alichohitaji ni spika nzuri.

Kipimo changu ni hiki: siku usipokuwepo, anaweza kuwasha kitu chake bila kukupigia simu? Kama hawezi, bado hujampangia yeye, umejipangia wewe.

Nimwambie, au nimfanyie kama zawadi ya kumshtua?

Mwambie. Ukimshtua mtu kwa keki atafurahi. Ukimshtua kwa kupekua simu yake na kuhamisha nyimbo zake, mtakuwa na mazungumzo marefu.

Nyimbo zake ziko kila mahali: simu mbili, flashi tatu, kompyuta iliyokufa. Nifanyeje?

Kusanya kwanza, panga baadaye. Watu hupenda kupanga huku wanakusanya, ndiyo maana hawamalizi. Tengeneza folda moja kwenye kompyuta, iite "Ghala", mwaga kila kitu humo. Usifute chochote bado. Utakuta wimbo mmoja umejirudia mara sita, na pia utakuta zile faili za WhatsApp zenye majina kama AUD-20230412-WA0007, ambazo hakuna anayejua ni nini mpaka azisikilize.

Hizo za WhatsApp ndizo hazina halisi. Wimbo mtu aliotumiwa na dadake, sauti ya mtoto akikariri shairi, kwaya ya harusi. Namba ya katikati ni tarehe faili ilipotumwa au kupokelewa: mwaka, mwezi, siku. Hiyo peke yake humkumbusha mtu. Keti naye, mpigie sekunde kumi za kila moja, mwache aseme jina, wewe andika. Sisi tulifanya hivi Jumapili tatu mfululizo baada ya kanisa, na nilisikia habari za ujana wake ambazo kwa miaka kumi na moja ya ndoa sikuwahi kuzisikia. Nyingine ningependa nisingezisikia.

Ukimaliza ndipo ugawanye, na ugawanye kwa maneno yake mwenyewe. Mzee wangu ana folda inayoitwa "Barabara ya Ugunja" na nyingine "Mvua". Ukiniuliza ndani kuna nini nitakwambia sijui, lakini yeye anajua.

Jambo moja la benga wengi hulikosa. Nyimbo nyingi za zamani zilitoka kwenye santuri ndogo za mizunguko 45 kwa dakika, na upande mmoja haukutosha. Wimbo ukakatwa: sehemu ya kwanza mbele, sehemu ya pili nyuma. Mara nyingi uimbaji uko mbele, na huko nyuma ndiko gitaa linapochemka na watu wanaamka vitini. Zikiingia kwenye flashi kama faili mbili zilizotengana, unamkatia mtu utamu mdomoni. Zitafute uziunganishe, au angalau uzipe namba zifuatane.

Kuhusu nafasi, usihofu. Wimbo wa dakika nne kwa ubora wa kilobiti 128 kwa sekunde hula takriban megabaiti 4. Flashi ya gigabaiti 32 inabeba nyimbo zaidi ya 7,000. Hakuna mtu mwenye nyimbo 7,000 anazozipenda.

Kaseti za zamani bado zinaweza kuokolewa?

Nyingi, ndiyo, na hii ndiyo kazi ninayoipenda kuliko zote hapa saiba, ingawa hailipi.

Kabla ya yote, itazame kaseti kwa juu. Ule upande usio na utepe unaoonekana una vikono viwili vidogo vya plastiki. Vivunje. Vikivunjwa redio haiwezi tena kurekodi juu yake. Nimeona kwaya ya mazishi iliyofutwa nusu kwa sababu mtoto alibonyeza kitufe chekundu.

Kisha ichungulie kwenye dirisha lake. Ukiona unga mweupe kando ya utepe, hiyo ni kuvu; hewa yetu ya ziwani ina unyevu na masanduku hukaa chini ya vitanda. Kaseti yenye kuvu usiitie kwenye redio nzuri, itaambukiza nyingine zote. Iliyo safi, izungushe hadi mwisho na kurudi, mara moja au mbili, utepe ulegee. Kama umejiachia, kalamu ya risasi kwenye tundu, kama tulivyofanya tulipokuwa watoto.

Safisha kichwa cha redio, kile kichuma kinachogusa utepe, kwa kijiti cha pamba na spiriti isiyo na mafuta. Pamba itatoka kahawia. Rudia mpaka itoke nyeupe. Sauti nyingi tunazoziita mbovu ni uchafu tu.

Halafu waya: ncha zote mbili za milimita 3.5, moja kwenye tundu la hedifoni la redio, nyingine kwenye kompyuta. Hapa wengi hukwama. Laptopu nyingi za siku hizi zina tundu moja tu ambalo limetengenezwa kwa maikrofoni ya hedifoni, na hurekodi sikio moja. Nunua kadi ndogo ya sauti ya USB yenye tundu la kuingiza sauti za pande mbili. Programu ya Audacity ni ya bure na inatosha kabisa. Weka sauti ya redio katikati, tazama vile vipimo vinavyorukaruka. Vikigonga mwisho, wimbo utakuwa na mikwaruzo ambayo hakuna fundi wa kuiondoa.

Hakuna njia ya mkato kuhusu muda. Kaseti ya dakika 90 itachukua dakika 90. Washa, endelea na shughuli zako. Hifadhi kwanza kwa WAV, ambayo hula takriban megabaiti 10 kwa dakika, ndiyo nakala yako ya asili. Baada ya hapo toa MP3 za kusikiliza.

Na zile namba za mzee wangu? Nilidhani nitazipata kwa redio yoyote. Nikanunua moja ya mitumba soko la Kibuye, nikaweka kaseti ya kijani, nikapeleka hadi 214. Nikatua katikati ya wimbo mwingine kabisa. Vile vihesabu havilingani, kila muundo wa redio unahesabu kivyake. Ikabidi nipande gari hadi Bondo kwa mama mkwe nikaiombe redio yenyewe. Alinipa, lakini aliniandikisha.

Wufa inapiga nyimbo ovyo ovyo, haifuati mpangilio wangu.

Wufa nyingi za bei nafuu hazisomi alfabeti. Zinapiga kwa mfuatano ambao faili ziliingia kwenye flashi. Wewe umezipanga vizuri kwenye skrini, lakini ulizinakili zote kwa mkupuo na kompyuta ikaziingiza inavyotaka.

Toa nakala, fomati flashi, kisha ingiza folda moja baada ya nyingine kwa mpangilio unaoutaka. Majina yaanze na namba: 001, 002, 003. Usiandike 1, 2, 3, kwa sababu mashine nyingi zitaweka 10 kabla ya 2.

Flashi inafanya kazi kwenye kompyuta lakini tivi haiioni. Au inaonyesha picha bila sauti.

Haya ni matatizo mawili tofauti.

Tivi isipoiona kabisa, mara nyingi ni fomati. Tivi na redio za zamani hutaka FAT32. Hiyo nayo haipokei faili moja inayozidi gigabaiti 4, kwa hiyo filamu kubwa itakataa kuingia hata kama flashi ni tupu. Tivi mpya nyingi husoma exFAT, ambayo haina kikwazo hicho.

Picha bila sauti, au sauti bila picha, ni lugha. Faili ya filamu ni kama bahasha: jina la nje MKV au MP4 halikuambii barua ya ndani imeandikwa vipi. Picha zilizobanwa kwa H.265 huzishinda tivi nyingi za miaka ya nyuma, na sauti ya DTS pia. Ibadilishe kwenye kompyuta iwe H.264 na sauti ya AAC. Kompyuta isiyo na nguvu itafanya kazi hiyo usiku kucha, basi iache ifanye.

YouTube ya mke wangu imejaa katuni. Hajawahi kutafuta katuni.

Hajatafuta yeye, ametafuta yule wa miaka minne. Mashine haijui nani ameshika rimoti. Inaona akaunti moja inatazama mahubiri saa tatu, mapishi saa nne, na nyimbo za watoto kuanzia saa nane hadi jioni, basi inahesabu kura. Mtoto ana muda mwingi kuliko mama. Mtoto anashinda.

Dawa ni kila mtu awe na wake. Kama tivi yenu ni ya kisasa, ongeza akaunti ya mama, ya baba, na upande wa watoto uliotengwa. Netflix inaruhusu hadi profaili tano kwenye akaunti moja, na kila moja unaweza kuiwekea namba ya siri. Mpe mwenzio profaili yenye jina analoitwa nyumbani na picha aliyoichagua mwenyewe. Inaonekana jambo dogo. Mama mmoja wa Nyalenda aliniambia hiyo ilikuwa mara ya kwanza kuona jina lake kwenye kitu chochote mle sebuleni. Vingine vyote vilikuwa "Mama Fulani".

Kisha safisha yaliyopita. Ingia kwenye historia ya akaunti yake, ondoa katuni moja moja au futa yote uanze upya. Kwa siku chache mapendekezo yatakuwa ya ajabu ajabu. Mwache atafute vitu vyake mwenyewe, video kumi hivi, na mashine itamfahamu. Mkiwa na wageni, simamisha historia kwa muda. Shemeji akikaa wiki moja na mieleka yake, mtakula matunda yake mwezi mzima.

Nikiwa namsafishia historia, si nitaona anachotazama?

Utaona. Kwa hiyo fanya naye akiwa amekaa kando yako, au mwonyeshe afanye mwenyewe. Wapo wanaokuja hapa kwa jina la kupanga burudani kumbe wanataka kuchunguza. Huwa nawaambia nimefunga.

Namba ya siri ya profaili yake ni yake. Kama ni yeye amekupa ndipo ujue.

Data itanimaliza?

Inategemea unafanya nini nayo. Muziki ni mwepesi: saa nzima kwa kilobiti 128 ni kama megabaiti 60. Filamu ndiyo mlaji. Kwa Netflix, ubora wa HD unaweza kula hadi gigabaiti 3 kwa saa, na ule wa 4K hadi gigabaiti 7. Mtu anayetumia bando za simu akiacha ubora ujichagulie wenyewe, atalia Jumatatu.

Kwenye tivi ya inchi 32 ukiwa umekaa hatua nne nyuma, tofauti ya ubora wa kati na wa juu ni ndogo sana. Punguza ndani ya mipangilio ya akaunti yake. Akiwa na simu, mpakulie vipindi vyake usiku au mahali penye Wi-Fi, atazame safarini bila kugusa data. Mzee wangu huondoka na vipindi vitatu kwenye simu, na akipangwa kwenye foleni ya malori mpakani ana kazi.

Mwenye ruta nyumbani, aitoe kule nyuma ya tivi alikoificha fundi. Masafa ya Wi-Fi ya gigahezi 2.4 hupenya kuta na kufika chumbani lakini ni ya polepole. Ya 5 ni ya kasi lakini huchoka haraka ukutani. Nyumba iliyogawanywa kwa mabati ndani ni shida zaidi, bati hurudisha mawimbi. Iweke juu na katikati. Tivi iliyo karibu nayo ipe masafa ya 5, simu za chumbani zipe 2.4.

Yeye anataka mpira, mimi nataka taarifa ya habari na tamthilia. Tivi ni moja.

Hili swali lingeweza kuwa na ukurasa wake.

Kwanza jueni adui ni nani: ni saa ya Uingereza. Kule hurudisha saa nyuma Jumapili ya mwisho ya Oktoba na kuipeleka mbele Jumapili ya mwisho ya Machi, sisi hatuigusi. Kwa hiyo mechi ya Jumamosi inayoanza kwao saa tisa alasiri, kwetu ni saa kumi na moja jioni wakati wao wa joto, na saa kumi na mbili wakati wao wa baridi. Ile ya jioni, ambayo huanza kwetu saa moja na nusu usiku, inasogea hadi saa mbili na nusu. Taarifa ya Kiswahili ya saa moja haisogei. Ndiyo maana mapatano ya Agosti huvunjika Novemba, na kila mmoja anadhani mwenzake ndiye aliyeyavunja.

Sisi tuna karatasi kwenye friji. Ijumaa usiku anaandika mechi mbili za wikendi, mbili tu, na saa zake. Mimi naandika vyangu. Penye mgongano, anayekosa tivi kubwa anapata simu na hedifoni na kiti kizuri. Kiti kizuri ndicho kilichomaliza ugomvi. Hakikuwemo kwenye mapatano ya kwanza.

Habari na tamthilia nyingi za humu nchini huwekwa YouTube na vituo vyenyewe baada ya kurushwa, kwa hiyo kilichokupita saa moja unaweza kukitazama saa tatu. Mpira wa jana hauna ladha. Nimekubali hoja hiyo, ingawa si mbele yake.

Gor Mahia ikicheza na Leopards, karatasi ile haifanyi kazi. Mimi ni wa Ingwe, yaani Leopards, nimetoka Kakamega. Siku hiyo tivi ni yetu sote, na chakula cha jioni ni chochote kitakachopatikana.

Kununua filamu za kuwekewa kwenye flashi mjini kuna ubaya?

Mengi ya maduka hayo hunakili bila ruhusa ya wenye kazi, na hiyo inavunja Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001. Mimi sinakili filamu hapa. Kuna sababu nyingine ya kawaida zaidi: flashi iliyozunguka kompyuta ishirini huja na virusi, na folda zote za nyimbo hugeuka kuwa vijialama visivyofunguka. Ikishatokea, usifomati kwa hasira. Mara nyingi faili zimefichwa tu, hazijafutwa.

Anasikiliza usiku na mimi nataka kulala.

Hedifoni. Za Bluetooth kwenye tivi ya zamani huchelewesha sauti kidogo, midomo inatangulia na maneno yanafuata. Kwa muziki haidhuru, kwa filamu inaudhi, basi tumia za waya. Na kama mwenzio hulala tivi ikiwaka, tafuta kwenye mipangilio saa ya kuizima yenyewe. Dakika 30 zinatosha. Tokeni za stima si za kumbembelezea mtu aliyelala.

Rimoti ziko tatu, anachanganyikiwa.

Rangi ya kucha. Sitanii. Nilichukua nyekundu nikaweka tone moja kwenye kitufe cha kuwasha na tone jingine kwenye kile cha kuhamia flashi. King'amuzi kikapata tone la bluu. Nikafunga zote kwenye ubao mmoja kwa raba. Mzee wangu alicheka, kisha akaenda kuwaonyesha madereva wenzake.

Tivi nyingi pia hukuruhusu kupanga upya vile vijipicha vya mwanzo. Vitatu anavyovitumia viwe mbele, vingine viondoe. Ongeza ukubwa wa maandishi kabla hajakuomba, kwa sababu hatakuomba.

Radi inanitisha. Tivi gadi inatosha?

Inasaidia stima inaporudi kwa nguvu baada ya kupotea. Husubiri kidogo hadi umeme utulie ndipo iuruhusu upite. Kwa radi yenyewe, haitoshi. Eneo letu la Ziwa Victoria ni miongoni mwa sehemu zenye radi nyingi sana duniani, na radi haitumii mlango mmoja. Inaweza kuingia kwa waya wa antena au wa dishi, ambao haupiti kwenye gadi kabisa.

Mimi nilichomoa plagi nikaacha antena, mwezi wa Aprili, kwa uvivu tu kwa sababu waya uko nyuma ya kabati. Asubuhi king'amuzi kilikuwa na harufu. Sasa mawingu yakijikusanya juu ya vilima vya Nandi alasiri, nachomoa vyote viwili, na diski ya nyimbo naitoa kwenye kompyuta kabisa.

Nikishapanga, nitunze nakala ngapi?

Tatu. Flashi ni vitu vya kupotea: huvunjika, huoshwa na suruali, huazimwa. Moja ya kutumia kila siku, moja kwenye diski ambayo haiguswi isipokuwa siku ya kuongeza nyimbo, na moja nje ya nyumba yenu, kwa sababu moto na mwizi havichagui chumba. Kila miezi sita ichomeke ile ya akiba uone kama bado inafunguka.

Yetu ya tatu iko Bondo kwa mama mkwe, ndani ya kopo la majani chai, pamoja na kaseti zenyewe. Nilimwambia isiguswe, ni ya dharura. Krismasi iliyopita nikafungua kopo nikakuta kaseti peke yake. Kumbe ameiazima kwa jirani mwenye matanga, yule naye akawapa watu wa spika, na spika zilikwisha kwenda Siaya.

"Lakini walicheza sana ile ya mia mbili kumi na nne," akaniambia, "mpaka asubuhi."

Safari hii nimempelekea mbili.